Neno Nililolipeleka Frankfurt

Kibanda cha mkalimani hakina hewa. Ni kisanduku cha mbao na kioo kilichosogezwa nyuma ya ukumbi, ndani mna viti viwili, chupa za maji, vipaza sauti, na mwenzako anayengoja uchoke akupokee. Nusu saa yeye, nusu saa wewe. Siku hiyo, Dodoma, zamu ilikuwa yangu. Mgeni kutoka Ujerumani alikuwa akizungumza kwa Kiingereza mbele ya wafanyakazi wa majumbani kama sitini hivi, na kila baada ya sentensi mbili alirudia kwamba binadamu hapigani kwa ajili ya tumbo tu, anapigania pia kutambuliwa. Ndivyo nilivyomfasiri: kutambuliwa. Kazi ya majumbani itambuliwe. Anayeifanya atambuliwe. Nikaona mambo yanakwenda.

Wakati wa maswali mama mmoja wa makamo akasimama, akashukuru, akauliza: “Sasa hivyo vitambulisho tutapewa lini? Na tutavilipia?”

Hakuna aliyecheka. Ukumbi mzima ulikuwa umeelewa hivyo hivyo, na wachache walishatoa kalamu waandike bei.

Kosa halikuwa lao. Kwa Kiswahili cha kila siku mtu hutambua maiti hospitalini, hutambua mwizi kwenye gwaride la polisi, hutambua begi lake uwanja wa ndege. Ni kujua kwamba hiki ndicho kile. Mgeni wetu alikuwa na jambo jingine moyoni, nami nilikuwa nimemuuza kwa bei ya reja reja. Baada ya kikao nilimfuata kuomba radhi. Akasema hata Kiingereza kinapungukiwa, kwamba neno lenyewe ni la Kijerumani, Anerkennung, na kama nataka kulielewa nimsome Axel Honneth. Akaniandikia jina hilo nyuma ya ratiba ya mkutano. Karatasi hiyo ninayo mpaka leo, ina doa la chai.

Nilimsoma usiku usiku kwa miaka miwili, kwa Kiingereza, na kwa Kijerumani nilichofundishwa zamani na ambacho kilikuwa kimeota kutu. Honneth alizaliwa Essen mwaka 1949, mtoto wa daktari katika nchi ya wachimba makaa ya mawe. Kitabu kilichompa jina, Kampf um Anerkennung, kilitoka mwaka 1992. Humo alirudi kwenye maandishi ya Hegel wa ujanani, aliyokuwa akiyaandika katika mji wa Jena mwanzoni mwa karne ya 19, akayaoanisha na mawazo ya George Herbert Mead, Mmarekani aliyefundisha Chicago. Dai lake, ukilivua koti la kitaalamu, ni kwamba mtu hawezi kujiona mtu akiwa peke yake. Anahitaji kuonwa na wengine kwa namna tatu. Kwa upendo wa walio karibu naye, ndipo apate kujiamini. Kwa haki zilizo sawa na za kila mtu, ndipo ajiheshimu. Na kwa kuthaminiwa mchango wake katika jamii, ndipo aione kazi ya mikono yake kuwa ina maana. Kila moja ina tusi lake: mwili uliopigwa, haki iliyonyimwa, maisha yaliyodharauliwa. Migomo na maandamano mengi ambayo sisi husema ni ya mshahara, yeye huyatazama akaona chini yake mtu aliyevunjiwa heshima.

Wazungumzaji wa Kijerumani wana bahati ya kuwa na maneno mawili yanayofanana: erkennen, kujua huyu ni nani, na anerkennen, kumpa huyu uzito wake. Unaweza kulifanya la kwanza kila siku kwa miaka kumi usilifanye la pili hata mara moja. Nilijaribu kuthamini, kuheshimu, kukiri, kujali. Kila moja lilishika upande mmoja wa neno likaachia mwingine, kama shuka fupi.

Halafu siku moja Kariakoo, nikikwepa mkokoteni, nikalisikia. Kijana alikuwa akivuta magunia ya mchele, mishipa ya shingo imemtoka, na mama muuza vitumbua pembeni, bila hata kuinua macho kwenye karai, akamwambia, “Pole na kazi.” Kijana hakusimama. “Nishapoa, mama.” Basi. Amemwona. Ameiona kazi, ameuona uzito wake, na hakumwonea huruma ya kumdhalilisha. Nikajiambia, huyu mwanafalsafa amehangaika kurasa mamia kwa jambo ambalo sisi tunalisema kwa maneno matatu barabarani. Nilijisikia vizuri mno. Mwaliko ulipokuja, wa wiki mbili kusaidia kutafsiri mahojiano ya Kiswahili huko Frankfurt, nilifungasha neno langu kama mtu afungashavyo korosho za kuwapelekea wenyeji.

Ilikuwa mara yangu ya kwanza kutoka nje ya Afrika. Habari za viza kila msafiri wa kwetu anazijua, nazipita.

Tuliondoka Dar es Salaam mchana, tukabadilisha ndege Addis Ababa usiku, na kulipokucha tukawa juu ya mawingu ya rangi ya majivu. Njiani nilikuwa na Gadamer mapajani, yule bingwa wa ufasiri aliyetoa Wahrheit und Methode mwaka 1960, nikisoma na kusinzia. Kwake kufasiri si kuhamisha maneno kutoka chombo hiki kwenda kile. Ni mazungumzo, na mazungumzo hayawi mazungumzo kama huko tayari kukubali kwamba huenda mwenzako ndiye aliye sahihi. Nilipigia mstari. Abiria wa pembeni aliniuliza kama ninasomea uchungaji.

Kwenye dirisha la uhamiaji afisa aliitazama picha, akanitazama, akaitazama tena picha, akagonga muhuri. Alinitambua kwa maana ile ya kwanza.

Ilikuwa Novemba. Baridi ya huko haikupigi, inakuingia taratibu kupitia vifundo vya mikono. Treni ya kutoka uwanja wa ndege hadi stesheni kuu haikuchukua hata robo saa, na stesheni yenyewe ni kubwa kiasi kwamba njiwa wanaishi ndani, hawana shida ya kutoka. Mwenyeji wangu, mtu wa Mombasa aliyekaa Frankfurt miaka ishirini, alikuja kunipokea na koti la ziada begani. “Hili lako. Hilo ulovaa ni shati,” akasema.

Asubuhi ya pili ndipo neno langu lilipovunjika.

Niliamka saa kumi na moja, mwili bado uko Dar. Nilipofungua mlango wa chumba cha wageni nikamkuta mama mmoja kwenye korido anapiga deki. Alikuwa wa makamo, kitambaa kichwani, ndoo yake ya magurudumu ina vyumba viwili, kimoja maji safi, kingine machafu. Alikuwa ameshamaliza ghorofa mbili wakati jengo zima limelala. Kwetu huwezi kumpita mtu hivyo. Nikasimama, nikajikusanyia Kijerumani changu, nikatafsiri neno kwa neno kwa ufasaha wote niliojaliwa: nasikitika kwa ajili ya kazi yako.

Aliunyoosha mgongo. Akanitazama kuanzia viatu. “Kwa nini?” akauliza. “Hii ni kazi nzuri.” Lafudhi yake haikuwa ya Kijerumani, lakini sentensi yake ilinyooka kuliko yangu. Akarudi kwenye deki, akalipita eneo niliposimama kama vile anazunguka nguzo.

Nilipomsimulia mwenyeji wangu alicheka hadi akaweka kikombe chini. “Weye wamtukana mtu asubuhi asubuhi! Wamwambia kazi yake ni msiba!” Akanieleza kwamba huko mtu akimaliza kazi huambiwa schönen Feierabend, anatakiwa jioni njema ya mapumziko, na ndani ya neno hilo mna sikukuu. Akiwa bado kazini, haambiwi pole. Pole kwa lipi? Analipwa, ana saa zake, zikiisha anaondoka.

Nilibaki na aibu siku nzima, nami huipenda aibu ya namna hiyo kwa sababu inafundisha. “Pole” yetu ina ubaridi ndani yake, mtu akishaambiwa hujibu amepoa, kana kwamba kazi ni homa au moto. Tunatambua kazi kama mateso yanayobebwa vyema. Mama yule alitaka itambuliwe kama kazi. Nilikuwa na miaka ishirini ya ukalimani, na sikuwa nimewahi kulisikia neno hilo kutoka upande wa anayeambiwa.

Honneth ana insha kuhusu kutoonekana. Inaanza na riwaya ya Ralph Ellison ya mwaka 1952, ya mtu mweusi wa Marekani ambaye watu wanamtazama kama hewa, kisha inakumbusha jinsi makabaila wa zamani walivyokuwa wakivua nguo mbele ya watumishi wao bila haya, kwa kuwa kwao mle chumbani hamkuwa na mtu. Watumishi walikuwa wanaonekana kwa macho vizuri kabisa. Kutomwona mtu aliye mbele yako, anasema Honneth, ni kitendo, kinafanywa. Nilipoisoma Dar niliifikiria Marekani na Ulaya. Kwenye korido ile saa kumi na moja alfajiri nikaanza kuwafikiria watu wengine, walio karibu zaidi, lakini wakati huo sikutaka kuendelea na fikra hiyo.

Mchana nikaenda Bockenheim, kuitafuta taasisi aliyoiongoza Honneth. Kituo cha treni ya chini kinaitwa Bockenheimer Warte, na ukitoka juu unakuta behewa la zamani la tramu limejichomeka ardhini, nusu ndani nusu nje, vipande vya barabara vimeinuka pembeni yake. Nilidhani ni ajali. Kumbe ndio mlango, mzaha wa msanifu tangu mwaka 1986. Ukitembea kidogo unafika Senckenberganlage, barabara pana yenye sanamu za dainosari mbele ya jumba la makumbusho, na ng’ambo, namba 26, lipo jengo la mawe lisilo na mbwembwe hata kidogo. Hiyo ndiyo Taasisi ya Utafiti wa Jamii.

Nilitarajia kitu kikubwa zaidi. Taasisi hii ilianzishwa mwaka 1923 kwa fedha za Felix Weil, ambaye baba yake alitajirika kwa biashara ya nafaka kutoka Argentina. Yaani ngano ya Amerika Kusini ndiyo iliyolipia baadhi ya uchambuzi mkali kabisa wa ubepari uliopata kuandikwa. Manazi waliifunga mwaka 1933. Wenyewe wakakimbilia Geneva kisha New York, wakarudi baada ya vita, na jengo hili jipya likafunguliwa mwaka 1951. Honneth aliiongoza kuanzia 2001 hadi 2018. Sikumkuta, wala sikwenda kumwona. Wakati huo kituo chake kilikuwa Chuo Kikuu cha Columbia, New York, kule kule walikokimbilia waliomtangulia. Nilitaka tu kuona mahali ambapo mtu anaweza kukaa miaka kumi na saba akifikiria kwa nini dharau inauma.

Nilichokikumbuka zaidi pale ni taa ya barabarani. Theodor Adorno, aliyekuwa mkubwa wa taasisi miaka ya 1960, alilalamika kwa maandishi kwamba wanafunzi na wafanyakazi wanagongwa na magari wakivuka mbele ya jengo, akataka iwekwe taa. Akafa mwaka 1969. Taa ikawekwa 1987. Watu wa mji wanaiita taa ya Adorno. Nilivuka nayo mara tatu, nikingoja kila mara kijani kiwake ingawa hakukuwa na gari, na mzee mmoja mwenye mbwa akaniamkia kwa kichwa, nadhani alifurahi kuona mgeni anayefuata sheria.

Mwenyeji wangu alisema kama shida yangu ni kazi na heshima, nisiondoke kabla ya kwenda Westend. Kampasi kubwa ya chuo kikuu iko huko siku hizi, ndani ya jengo refu lililopinda kama upinde, la mbunifu Hans Poelzig. Ndani mna lifti za ajabu zisizosimama: vyumba vidogo visivyo na milango vinapanda upande mmoja na kushuka upande mwingine bila kukoma, unaruka ndani, unaruka nje. Nilipanda moja nikashuka nikitetemeka magoti. Jengo hilo lilikuwa makao makuu ya IG Farben, kampuni ya kemikali iliyojenga kiwanda karibu na Auschwitz na kuwatumikisha wafungwa wa kambi.

Pembeni, chini ya miti, kuna kijumba kidogo cha kijivu. Juu ya mlango wake zimeandikwa tarakimu tu: 107984. Ilikuwa namba ya mfungwa Norbert Wollheim, Myahudi wa Berlin aliyepelekwa Auschwitz mwaka 1943. Mkewe na mtoto wao waliuawa. Yeye akafanyishwa kazi kwenye kiwanda. Mwaka 1951 aliishitaki IG Farben katika mahakama ya Frankfurt, akidai fidia ya kazi aliyofanyishwa. Mwaka 1953 mahakama ikaamua alipwe mark 10,000, na mwaka 1957 kampuni iliyokuwa ikifilisiwa ikakubali kutoa mark milioni 30 kwa ajili ya waliotumikishwa kama yeye.

Nilikaa kwenye benchi la karibu mpaka vidole vikafa ganzi. Kwenye miti wametundika picha kubwa za vijana Wayahudi kabla ya yote hayo, pikiniki, harusi, mvulana na baiskeli. Wanafunzi wanapita wakila mikate. Wollheim angeweza kudai kuombwa radhi, na pengine wangemwomba kwa maneno mazuri. Alidai ujira. Alitaka mahakama iseme kwamba kile alichofanya kule kilikuwa kazi, kilikuwa na bei, na aliyekifanya alikuwa mtu mwenye haki ya kudai. Mwanafalsafa wa Marekani Nancy Fraser alibishana na Honneth juu ya jambo hili katika kitabu walichokitoa pamoja mwaka 2003: yeye akisema mgawanyo wa mali una mizizi yake na usimezwe na habari za heshima, Honneth akisema hata mshahara ni lugha ambayo jamii inatumia kumwambia mtu anathaminiwa kiasi gani. Nikiwa Dar nilikuwa upande wa Honneth. Pale kwenye benchi nilianza kuona kwamba Wollheim aliwashinda wote wawili kwa hati moja ya mashitaka.

Jumamosi nikapanda treni kwenda Essen, peke yangu, tiketi mkononi kama mtoto wa shule. Safari ni ya saa mbili na kitu. Kutoka stesheni kuu unachukua tramu namba 107 hadi Zollverein, mgodi wa makaa uliofungwa mwaka 1986 na ambao tangu 2001 ni urithi wa dunia. Mnara wake wa chuma, miguu minne imetanuliwa, una urefu wa mita 55. Enzi zake shimo hili lilitoa tani 12,000 za makaa kwa siku. Aliyetutembeza alikuwa mzee mfupi, mikono mikubwa kupita mwili wake, aliyefanya kazi chini ya ardhi tangu ujana.

Salamu yake ya kwanza ilikuwa Glückauf. Nikashtuka kwa furaha. Hiyo ni salamu ya wachimbaji, asubuhi na jioni, juu na chini, na ndani yake mna dua ya bahati na ya kurudi juu salama. Nikajisemea, hii hapa, hawa nao wana pole na kazi yao! Nikamweleza, kwa Kijerumani changu kile kile kilichonitia aibu, kwamba kwetu pia kuna salamu ya kazi. Alinisikiliza hadi mwisho. Akaniuliza: “Na mabosi wenu, nao wanaisema?”

Wanaisema, nikamjibu. Sana.

“Hata wetu waliisema.” Akakuna kidevu. Kisha akatupeleka kwenye chumba cha kubadilishia nguo.

Ningependa kila msomaji angekiona chumba cha namna hiyo. Dari iko juu kama ya kanisa. Wachimbaji hawakuwa na makabati. Kila mtu alikuwa na mnyororo wake na kulabu zake. Anatundika nguo za nyumbani, anavuta mnyororo, nguo zinapaa hadi darini, anafunga kwa kufuli na kushuka shimoni. Akirudi amekuwa mweusi mwili mzima, anazishusha, anatundika zile za kazi zikauke huko juu kwenye hewa ya joto. Pembeni ya kulabu mna kisahani cha sabuni. Mzee akauvuta mnyororo mmoja, na sauti yake ikawa ile ile ya ndoo ya kisima. Wakiosha, akasema, kila mtu alimsugua mwenzake mgongo, kwa kuwa huwezi kuufikia wako. Mturuki alimsugua Mjerumani na Mjerumani akamsugua Mturuki. Walioletwa kutoka Uturuki kwa mkataba wa mwaka 1961 waliitwa nje huko wafanyakazi wageni. Mle ndani kila mtu alikuwa Kumpel, mshikaji.

Lakini hakutaka tubaki na picha hiyo nzuri. Akasema mgongo uliosuguliwa haukumpa mtu pensheni. Kilichompa ni sheria ya mwaka 1951, iliyowapa wafanyakazi wa makaa na chuma nusu ya viti kwenye bodi za kusimamia kampuni zenye watu zaidi ya elfu moja. Alilisema neno “nusu” huku akiupasua mkono wake wa kushoto kwa ukingo wa ule wa kulia. Bosi akikwambia Glückauf akijua kesho mtaketi meza moja, akasema, anaisema kwa sauti nyingine.

Mwaka 1951 tena. Taasisi ikifungua milango, Wollheim akifungua kesi, wachimbaji wakipata viti. Sidai kwamba kuna siri. Niliandika tu kwenye daftari.

Mgodi wa mwisho wa makaa magumu Ujerumani ulifungwa jirani, Bottrop, Desemba 2018, na kipande cha mwisho akakabidhiwa Rais Steinmeier. Nilimuuliza mzee alijisikiaje. Alisema walipigiwa makofi mengi na wengine walilia, naye alikwenda nyumbani akapunguza nyasi za bustani ingawa ilikuwa Desemba na hazikuhitaji.

Kwenye treni ya kurudi nilikifungua kitabu cha Honneth cha mwaka 2023, kilichotokana na mihadhara aliyoitoa Berlin miaka miwili kabla. Jina lake linanitesa bado kulitafsiri: ni habari ya wananchi, ambao katika demokrasia ndio wenye enzi, na ambao hao hao huamka alfajiri kwenda kupiga deki. Mwenye Enzi Mfanyakazi? Kwetu neno lenyewe limekaa karibu mno na Mwenyezi. Lakini hoja yake inaeleweka hata kwa asiyesoma falsafa. Unamwambia mtu kura yake ni sawa na ya waziri, kisha unamrudisha mahali ambapo kwa saa kumi na mbili haruhusiwi kusema neno, hana muda wake, hana akiba ya kumwezesha kukataa, na kazi yenyewe imemfubaza akili. Huyo atasimamaje kwenye mkutano wa hadhara akahoji? Mazoezi ya kusema huanzia kazini. Na zamani kidogo, katika insha ya kutambua kunakogeuka kuwa hila, aliandika kwamba sifa nazo zinaweza kumfunga mtu: mtumwa anayesifiwa kwa uaminifu, mke anayesifiwa kwa kujitoa, wakaendelea hivyo hivyo wakiwa na fahari.

Hapo ile fikra niliyoikwepa koridoni ikanikalia kifuani. Nyumbani kwangu Tabata kuna dada wa kazi. Yuko nasi mwaka wa sita. Kila jioni nikiingia humwambia pole na kazi, dada, na watoto nimewafundisha hivyo, na wageni hunisifu kwa adabu ya nyumba yangu. Huamka kabla yangu na kulala baada yangu. Siku ya mapumziko haina jina. Ni ile atakayoomba. Mshahara wake nimeupandisha mara mbili, mara zote mbili nikijisikia mkarimu. Nilikuwa nimefasiri kutambuliwa mbele ya wanawake sitini Dodoma, nikaenda mbali kiasi hiki kutafuta neno lililo bora zaidi, na sikuwahi kumuuliza yeye neno lolote.

Siku ya mwisho Frankfurt niliamka tena saa kumi na moja, safari hii kwa makusudi. Mama wa deki alikuwepo. Nilimngoja hadi akaikunja kamba ya mashine na kuvua glavu, ndipo nikasema: schönen Feierabend. Akatazama dirishani, kiza bado kimetanda, akacheka kwa mara ya kwanza. “Jioni yangu ni asubuhi,” akasema. Akanitakia nami safari njema.

Nilifika Tabata Jumatatu usiku. Dada alinipokea begi mlangoni. “Shikamoo, baba. Pole na safari.” Nikamjibu marahaba, nishapoa, na ulimi ukawa mzito kurudisha ile pole yangu ya kila siku.

Wiki iliyofuata, baada ya kushauriana na mama watoto, niliandika mkataba wa kurasa mbili: saa, likizo, Jumapili nzima, kiwango kipya, bima. Nikamkalisha mezani, nikamsomea kifungu kwa kifungu, nikifafanua palipo pagumu kwa sauti yangu ya kibandani. Alisikiliza vizuri. Nilipomaliza nikampa kalamu. Akaiweka juu ya karatasi, hakuiandikia.

“Nashukuru, baba. Ila naomba kaka yangu aisome kwanza.”

Nikamwambia nimeshamweleza yote.

“Umenieleza,” akasema. “Lakini ni wewe uliyeiandika.”

Mkataba uko kwenye droo ya kabati la vyombo, chini ya risiti za umeme. Kaka yake anakuja na basi la Singida Jumamosi.